Shaka ya hakimu si rushwa

Mhariri,

Naomba nafasi nizungumzie manung'uniko yanayozuka kila mshtakiwa wa mauaji au ujambazi anapoachiwa kwa sababu kosa halikuthibitishwa bila kuacha shaka. Mitaani husemwa, "Kahonga huyo." Rushwa ipo, sikatai, lakini shaka ni jambo jingine kabisa.

Katika rufaa ya Waziri Amani dhidi ya Jamhuri, mwaka 1980, Mahakama ya Rufani ya Tanzania ilionya kwamba ushahidi wa kumtambua mtu kwa macho usitegemewe mpaka uwezekano wa kukosea uwe umeondolewa. Ndiyo maana shahidi huulizwa: taa gani ilikuwa inawaka? Mlikuwa umbali gani? Ulimtazama kwa muda gani? Mtu aliyevamiwa saa nane usiku, kibatari mezani na panga shingoni, anaweza kuapa kwa moyo safi na kumbe amemfananisha jirani yake. Hasemi uongo. Lakini unyang'anyi wa kutumia silaha ni jela isiyopungua miaka 30, na mauaji ni kunyongwa. Jirani huyo atarudishiwa nini ikibainika baadaye kuwa siye?

Naomba askari waandike habari za mwanga, umbali na sura ya mhalifu siku ile ile tukio linaporipotiwa, kabla kumbukumbu hazijachanganyika na maneno ya mtaani. Nanyi wahariri, mnapoandika "aachiwa huru", chapisheni pia sababu alizozitoa hakimu.

Msomaji wako,
Morogoro