Kuweka gemu kwenye dirisha sio kupiga Windows

Jamani naomba nianze na hii maana imeniuma wiki nzima.

Kuna mdogo wetu mmoja anasoma chuo hapa hapa Arusha, alituletea laptopu yake hapa ofisini kwetu tunapotengeneza kompyuta, Ijumaa jioni tukiwa tunakaribia kufunga. Shida yake ilianza kidogo tu, gemu akiifungua skrini inakuwa nyeusi ila sauti anaisikia, akampigia binamu yake, binamu akamwambia "weka window tu itacheza", yaani gemu ichezee ndani ya dirisha badala ya kumeza skrini nzima, na ule ushauri ulikuwa sahihi kabisa. Sasa dogo akabeba laptopu akaenda kwa fundi mmoja mjini akamwambia kaka naomba uniwekee window. Fundi akasikia kile ambacho fundi yeyote wa huku anasikia ukitamka hilo neno, akapiga Windows upya, yaani akainstoli upya mfumo mzima wa kompyuta, diski yote ikafutwa. Ripoti yake ya field ilikuwa humo, picha za msiba wa bibi yake zilikuwa humo, na gemu alipoiinstoli tena bado ikawa nyeusi vile vile.

Tulikaa na ile diski siku mbili. Picha nyingi zilirudi, ripoti tukapata ya zamani tu, ile aliyoimalizia hatukuipata na tulimwambia ukweli. Bahati yake laptopu ilikuwa na diski ya kuzunguka, ingekuwa SSD, ile isiyozunguka, sidhani kama tungepata hata hizo picha maana SSD ikishafutiwa inajisafisha yenyewe kwa ndani. Na kama jambo kama hili limekukuta wewe, zima mashine hapo hapo usiinstoli kitu kingine chochote, kila unachoongeza kinakanyaga cha zamani.

Ndo maana naandika hii. Kuweka gemu kwenye dirisha ni kazi ya dakika mbili, haifuti kitu, na mara nyingi unaweza kuifanya mwenyewe nyumbani bila kupanda hata daladala.

Kwanza tuelewane inakuwaje skrini inakuwa nyeusi. Gemu ikifunguka fulskrini, yaani imemeza skrini nzima, hasa hizi za zamani, ni kama mtu aliyekodi Hiace nzima, yeye ndo anaamua njia, hakuna abiria mwingine anapanda, na anaweza hata kumwambia dereva badilisha spidi. Gemu inaiambia skrini "mimi nataka nukta 640 kwa 480" au 800 kwa 600 kwa sababu ndivyo ilivyotengenezwa enzi hizo, skrini ya laptopu yako kwa asili tuseme ni 1366 kwa 768, sasa driva ya grafiki, ile programu inayoongoza picha, ikishindwa kuitikia hilo ombi unabaki na giza huku mziki unapiga. Gemu haijafa na skrini haijafa. Ukiiweka kwenye dirisha inakuwa abiria kama wengine, inakaa kwenye siti yake, skrini inabaki na vipimo vyake vile vile, ugomvi unaisha.

Kuna na njia ya tatu ambayo kwenye menyu za gemu mpya utaona pameandikwa Borderless. Hii ni dirisha pia, ila halina fremu na limejaa skrini nzima, yaani abiria kalipia siti zote ila dereva ni yule yule na njia ni ile ile. Mimi binafsi kama mashine inaweza, hii ndo naipendekeza kwa watu wengi, unapata picha kubwa na ukibonyeza Alt na Tab kwenda kuangalia meseji unarudi bila gemu kukwama.

Sasa jaribu hivi kabla hujatuletea hela. Gemu ikiwa imefunguka, hata kama ni giza, shikilia Alt ya kushoto halafu bonyeza Enter mara moja, subiri sekunde tano sita usibonyeze bonyeza kama mtu anayeita lifti. Gemu nyingi za Windows zinaitikia hapo hapo. Minecraft yenyewe ni F11. Ikigoma ingia kwenye seting za gemu, sehemu ya video au display, tafuta Windowed. Counter-Strike 1.6 ambayo bado inapigwa sana mageto ya Ngarenaro na Kijenge, hapo kwenye video kuna kiboksi kabisa cha kutiki kwamba icheze kwenye dirisha. PES 2013 huingii kwenye gemu hata kidogo, unafungua folda lake, kuna kifaili kinaitwa settings, ukikibofya unakuta sehemu ya skrini, ondoa Full Screen, chagua saizi, basi.

Kama gemu haifunguki kabisa hata ufike kwenye menyu, kuna njia ya kuiagiza kabla haijaamka. Kwenye Steam bofya gemu kwa mausi upande wa kulia, ingia Properties, kuna sehemu ya Launch Options, andika -windowed na gemu nyingi zitaelewa. Zisizo za Steam unafanya kwenye shotikati ya desktopu, ingia Properties, ile laini ya Target nenda mwisho kabisa baada ya alama za kufunga nukuu, acha nafasi moja halafu andika agizo. Hiyo nafasi watu wanaisahau kila siku kisha wanasema haifanyi kazi. Warcraft III ile ya zamani inaelewa -window, Diablo II inaelewa -w peke yake, kila gemu ina lugha yake kwa kweli.

GTA San Andreas ndo inatuletea wateja wengi zaidi na yenyewe haina hiyo sehemu kwenye menyu, usipoteze usiku unaitafuta. Gemu za aina hiyo zinahitaji kiprogramu cha pembeni cha kuifungia ndani ya dirisha, DxWnd ni cha bure na tunakitumia sana hapa ofisini. Ila tafadhali sana usikiguse kwa gemu za kucheza onlaini na watu, nyingi zina ulinzi wa kukamata wanaocheza kwa wizi wa programu za pembeni na zenyewe hazitofautishi wewe uliyetaka dirisha na yule aliyetaka kuona kupitia ukuta, akaunti inafungwa.

Haya, sasa hapa ndo watu wengi wanakwama na wanatupigia simu wakisema "kaka nimeweka dirisha ila chini pamekatika sioni risasi zangu ziko ngapi". Twende pole pole. Laptopu nyingi za mtumba tunazonunua hapa mjini skrini yake ina urefu wa kwenda chini nukta 768. Wewe unachagua 1280 kwa 720 unaona 720 ni ndogo kuliko 768 itaenea tu. Umesahau dirisha lina kichwa chake pale juu penye alama ya kufunga, kinakula kama 30, halafu ule mstari wa chini wenye saa na Start unakula kama 40. Jumlisha 720 na 30 na 40 unapata 790, skrini inaishia 768, sasa zile 22 zinaenda wapi, zinaingia nyuma ya mstari wa chini na ndo kuna risasi zako na ramani yako. Dawa ni mbili, ama ufiche ule mstari wa chini kwenye seting za taskbar uwe unajificha wenyewe, 720 inaenea vizuri kabisa, ama ushuke 1024 kwa 576. Na kama picha imekuwa na ukungu au dirisha limevimba kupita saizi uliyochagua, angalia kwenye seting za display kama ukuzaji umewekwa asilimia 125, rudisha 100 ujaribu tena.

Kuna kitu nataka nikiseme wazi kwa sababu nasikia watu wanadanganyana. Dirisha peke yake haliongezi spidi. Watu wanaweka dirisha gemu inakuwa nyepesi wanasema dirisha limeponya laptopu, kilichotokea ni kwamba walipunguza saizi. 1366 kwa 768 ni nukta kama milioni moja na elfu 49, 1024 kwa 576 ni nukta kama laki tano na elfu 90, grafiki inachora zaidi kidogo ya nusu ya kazi ya mwanzo, lazima ipumue, hasa hizi laptopu za grafiki ya Intel ambazo hazina kadi ya picha ya pembeni. Ukiweka dirisha na saizi ukaacha kubwa vile vile hutaona tofauti yoyote na wakati mwingine inazidi kuwa nzito kidogo.

Na ina hasara zake, sitaki umalize kusoma unadhani nauza dawa ya kila kitu. Kuanzia Windows 8 madirisha yote yanapangwa pamoja kwanza ndo yanaonyeshwa, kwa hiyo kunakuwa na kuchelewa kidogo sana kati ya mkono na picha, mtu wa kucheza mashindano ya kupigana risasi anaihisi hiyo tofauti, huyo abaki fulskrini kama inamkubali. Mausi nayo inatoroka nje ya dirisha katikati ya vita unabofya desktopu unakufa, baadhi ya gemu zina seting ya kuifunga mausi ndani, itafute. Wenye Windows 11 kwenye display upande wa graphics kuna seting ya kuboresha gemu za kwenye dirisha, iwashe, inasaidia zile zinazotumia DirectX 10 na 11, yaani mfumo wa Windows wa kuchora picha za gemu.

Wanaoipenda zaidi hii kitu wala sio vijana peke yao. Kuna kaka yetu wa ofisi ya safari, mwezi wa nne mvua zinashuka wageni hakuna, anacheza Football Manager kwenye nusu ya skrini na nusu nyingine barua pepe iko wazi, mgeni akiandika anamjibu muda huo huo. Na kuna mama mmoja wa Sakina alituomba tumwekee mwanae dirisha kwenye gemu zote ili saa ya chini ionekane, maana fulskrini ikishameza ile saa mtoto anakuja kushtuka saa nne usiku na homuweki haijaguswa. Nilimpenda sana yule mama kwa lile wazo, tangu siku ile tunawauliza wazazi wote.

Ukishindwa njoo. Tuko Kaloleni, Jumatatu mpaka Jumamosi saa tatu asubuhi hadi saa kumi na mbili jioni, gemu moja ni elfu tano na unakaa hapo hapo unaangalia, ukiona imekubali ndo unalipa. Hatupigi Windows ya mtu bila kumuuliza mara mbili na bila kuhamisha vitu vyake kwanza, hata kama yeye mwenyewe ndo kaomba. Na popote utakapoipeleka, iwe kwetu au kwa fundi mwingine, usiseme "niwekee window". Sema "nataka hii gemu ichezee kwenye dirisha dogo, mafaili yangu yasiguswe", halafu mwambie akurudie alivyokuelewa kabla hujamwachia mashine. Chaja njoo nayo, umeme wetu mnaujua.