Nimefungiwa vyerehani vyangu ndani, nifanyeje?

Ndugu mshauri,

Salamu kutoka Johannesburg. Mimi ni fundi cherehani, Mtanzania, na huu ni mwaka wangu wa saba hapa. Leo ni siku ya nane tangu nikute kufuli geni kwenye mlango wa chumba ninachokodi kwa kazi. Mwenye nyumba ananidai kodi ya miezi miwili. Deni silikatai. Lakini amesema vyerehani vyangu vitatu na ovaloki havitoki mpaka nimalize.

Nikichungulia dirishani naona gauni la arusi la binti mmoja wa Kirundi. Upindo umeshonwa nusu, sindano bado imechomekwa pale nilipoachia. Arusi ni Jumamosi. Kitambaa alikinunua mama yake, na mama huyo hadaiwi na mtu.

Nilikwenda kuomba msaada wa sheria. Wakili akaniambia sheria ya Afrika Kusini imerithi mengi kwa Warumi, akanitajia neno la Kilatini, rei vindicatio: mwenye mali anaidai kwa yeyote aliyeishika. Kwa hiyo mama wa bibi arusi anaweza kudai kitambaa chake. Mimi akanionyesha njia ya haraka zaidi, mandament van spolie: aliyenyang'anywa arudishiwe kwanza, mengine yafuate. Mahakama haitauliza chumba ni cha nani wala nadaiwa kiasi gani. Itauliza kama nilikuwa nakitumia kwa amani, na kama nilitolewa kinyume cha sheria. Vyombo vyangu vinaweza kushikiliwa kwa ajili ya kodi, ila kwa amri ya mahakama, si kwa kufuli lake. Nilitokwa na machozi, maana siku zote nilidhani mdaiwa hana pa kusemea.

Shemeji anataka tulikate kufuli usiku. Wakili amekataza kabisa: nikivunja sasa, mnyang'anyi nitakuwa mimi.

Jana mwenye nyumba kanipigia. Nikilipa mwezi mmoja, atafungua. Pesa hiyo ninayo, lakini ni ada ya wanangu Tanga. Nikimpa, naogopa atanifungia tena kila nikichelewa. Nikimshtaki na nikashinda, bado mlango ni wake, mkataba wetu ni wa mdomo tu, na wateja wangu wote wananijua pale.

Nimlipe, au niende mahakamani? Naomba unijibu kabla ya Jumamosi.

Fundi, Johannesburg