Kwa mdogo wangu, kuhusu ile saa tatu

Mdogo wangu,

Nimesikia unataka kwenda tena kuangalia nyangumi, safari hii na shemeji pamoja na wakwe zako wawili, na kwamba ushauri umeuomba kwa binamu. Binamu huyu huyu anayetapika kwenye kivuko kingali kimefungwa gatini! Haya. Simu zangu hupokei, basi nakuandikia hapa hadharani, najua huwa unapita kusoma.

Tuanze na boti. Usihadaike na picha ya mkia iliyochorwa ubavuni. Uliza abiria ni wangapi, mwongozaji ni nani mbali na nahodha, mtakaa majini kwa saa ngapi, na nyangumi wasipoonekana inakuwaje. Kwa boti ndogo, watu 10 au 12 wanatosha. Mkizidi hapo, nyangumi akitokea upande mmoja mnahamia huko nyote, boti inalala, na nahodha anaacha kuendesha anaanza kufoka. Kuhusu nahodha na mwongozaji, wawe watu wawili, hilo usilegeze. Aliyeshika usukani hawezi kuangalia abiria, boti nyingine na bahari yote kwa macho mawili. Kama ni ile boti ya mpira yenye viti vya kukaliwa kama pikipiki, mama mkwe asipande, mgongo wake unaujua. Ile boti inadunda, na kila kishindo kinaishia kiunoni. Mwenye mimba naye asipande. Sisemi kitu, nasema tu.

Anayekuahidi kwa uhakika kwamba mtawaona, mwulize uhakika wake ni nini hasa. Mara nyingi ni nafasi ya kurudi bure siku nyingine. Si jambo baya, ila kama mna siku moja tu, hiyo nafasi haiwafai kitu. Kwa hiyo pangeni safari mwanzoni mwa likizo, si siku ya mwisho. Upepo ukichafuka, mnaahirisha hadi kesho yake.

Na upepo ndio unaoamua zaidi ya kitu kingine chochote. Ukivuka kilomita 20 kwa saa hivi, vichwa vya mawimbi vinaanza kuvunjika na kutoa povu jeupe kila mahali. Pumzi ya nyangumi nayo ni kitu cheupe kinachoonekana sekunde mbili tatu kisha kikapotea. Utaitofautishaje? Ndiyo maana asubuhi ni bora katika sehemu nyingi, kabla upepo wa mchana haujaamka. Nahodha akisema hatutoki, msimbembeleze. Najua wewe ni hodari wa kubembeleza.

Kichefuchefu: dawa inamezwa kabla. Dimenhidrineti au meklizini, saa moja kabla ya boti kuondoka, si pale mate yanapoanza kujaa mdomoni, maana wakati huo tumbo limeshagoma na kidonge kinarudi kilikotoka. Zinaleta usingizi, na kama wakwe wana dawa zao za kila siku, waulize kwanza mfamasia. Kula kidogo, kikavu. Kaeni katikati au nyuma, kwenye tezi, ambako mtikisiko ni mdogo. Omo, yaani mbele kabisa, kunapendeza kwa picha lakini ndiko kunakopanda na kushuka zaidi. Macho yatulie kwenye upeo wa bahari. Simu mfukoni. Anayezidiwa atapikie upande ambao upepo unampiga mgongoni, si usoni, na asijifungie chooni. Chooni ndiko watu humalizikia.

Nguo za kuvaa tabaka juu ya tabaka, la nje lizuie upepo, hata kama gatini kuna jua la kuchoma. Viatu vya soli ya mpira. Miwani ya jua yenye kamba. Darubini chukua ya 7x50 au 8x42, yaani inayokuza mara 7 au 8. Ile ya kukuza mara 10 anayoringia shemeji itampa picha ya mbingu na maji vikicheza ngoma, kwa sababu kila mtikisiko wa mkono nao unakuzwa mara 10. Kamera, kasi ya shata 1/1000 ya sekunde au zaidi. Kwa simu, rekodi video ya upana kamili bila kuvuta karibu, utakata picha nyumbani. Na ukibahatika kupata picha ya chini ya mkia, usiitupe: weusi na weupe wake, pamoja na makovu, ni kama alama za vidole. Tovuti ya Happywhale hupokea picha hizo na kuzilinganisha, pengine ukaambiwa huyo wako aliwahi kuonekana wapi kabla.

Sasa kutafuta. Usitafute nyangumi, tafuta kilicho tofauti na bahari. Wa nundu hutoa pumzi ya mita mbili tatu, kama kichaka cha mvuke. Ikiwa imegawanyika kama herufi V, na mgongo hauna pezi, fikiria nyangumi wa jamii nyingine, yule ambaye wavuvi wa zamani walimpenda kwa sababu akiuawa huelea. Ikiinama mbele na kuelekea kushoto, huyo ni nyangumi wa mbegu, na tundu lake la pua liko kushoto kwa kweli. Mkimkuta akizama, kaeni kitako, anaweza kukaa chini karibu saa nzima. Wa nundu huvuta pumzi kadhaa mfululizo, kisha anapinda mgongo, mkia unatoka wote ukasimama. Hapo weka saa. Dakika 5 hadi 15, mara nyingine zaidi. Alipozamia hubaki duara la maji laini, kama pamemwagwa mafuta. Huo ni unyayo wake, na unaonyesha alikokuwa, si aliko.

Mwongozaji atawaelekeza kwa uso wa saa, omo ikiwa namba 12. Na hapa ndipo mimi na wewe tulipokwama.

Ile siku tulipotoka pamoja, mimi nikiwa mwongozaji wenu, nahodha aliita kwa Kizungu, namba 3, yaani kulia kabisa. Mimi nikaidaka nikawarushia kama ilivyo: saa tatu! Wewe, mtoto wa Kiswahili, saa tatu unaijua mshale wake mfupi unalala kwenye 9. Ukageuka kushoto. Mnyama wa tani 30 akatoka majini kulia, wote wakapiga ukelele, na wewe ulichokipata ni kishindo nyuma ya kisogo na chumvi shingoni. Ulipogeuka palikuwa na povu tu. Hakuruka tena.

Kosa ni langu, nimeshakubali mara ngapi? Ila nawe ukumbuke, kabla hatujaondoka gatini nilieleza: tunahesabu namba za kwenye uso wa saa, si saa za nyumbani. Nilieleza nikizungusha mkono. Ulikuwa unajipiga picha na jaketi la kuokolea maisha halijafungwa.

Lakini si hilo ninalolibeba. Ninalolibeba ni lile la dakika 40 baadaye, wale wawili. Mama na ndama, ndama mdogo wa msimu ule ule, pezi lake bado limelegea kidogo. Tulikuwa mbali inavyotakiwa. Hukuja kwangu. Ulikwenda kwa nahodha ukamwambia, sogea kidogo tu, sijaona chochote leo. Naye akasogea.

Unajua sheria zinavyosema, nilishakusimulia hadi ukachoka. Nchi nyingi boti inakomea mita 100 kutoka kwa nyangumi mkubwa. Akiwa na ndama umbali unaongezeka: New Zealand 200, Australia 300. Huko kote boti zisizidi tatu kwa wakati mmoja ndani ya mita 300. Mnakwenda taratibu bila kuacha mkondo wa povu nyuma, mnamfuata kwa ubavuni, sambamba naye. Hamumjii kwa mbele mkamziba njia, wala kwa nyuma mkamfukuza. Akiamua mwenyewe kuwasogelea, gia inatolewa, rafadha inasimama, mnatulia. Hapo akija hadi ubavuni ni hiari yake, na ndizo picha nzuri kuliko zote, harufu ya samaki waliooza ikiwa juu.

Sababu si urembo. Wale wa nundu wa kusini mwa dunia hula majira ya joto kwenye maji ya Antaktika, kisha huja maji ya joto kati ya Juni na Novemba kuzaa na kupandana, na huku karibu hawali kabisa. Mama ananyonyesha ndama aliyezaliwa na karibu tani nzima kwa mafuta aliyokuja nayo mwilini. Kila akikimbia boti anayachoma hayo. Na ndama hawezi kukaa chini kama mama, lazima apande kila baada ya dakika chache, kwa hiyo hata mama akitaka kuzama akajificha, hawezi.

Tulifika mita 50, pengine pungufu. Uliona mwenyewe. Mama akaingia kati ya boti na ndama. Akabadili mwelekeo, boti nayo ikabadili. Pumzi zikawa fupi fupi, zimekaribiana. Kisha akapiga maji kwa mkia, mara mbili, na hao wakaondoka, ndama akihangaika kando yake. Wewe ukageuka ukaniambia: "Si tumewaona?"

Hiyo sentensi, mdogo wangu.

Utasema mbona mwongozaji alikaa kimya. Watu nimewaambia kwamba boti ina nahodha mmoja, na mwongozaji hamwingilii mwenye usukani mbele ya abiria. Ni kweli, ndivyo kazi ilivyo. Lakini mkono wa kumpungia nahodha asimame ninao, na nimeutumia mara nyingi. Siku ile sikuuinua kwa sababu ya saa tatu. Nilikuwa na deni lako nikalilipa kwa mali ya yule mama. Halafu nikakununia wewe.

Basi. Mkienda Septemba au Oktoba mtakuta akina mama wengi wenye ndama kuliko mwanzo wa msimu, kwa hiyo mtakaa mbali, na wakwe waambiwe mapema kwamba watakaa mbali. Mwombeni mwongozaji kipaza sauti cha majini kama wanacho: injini ikizimwa, mnaweza kusikia madume wakiimba hata kama hakuna anayeonekana. Baba mkwe, ambaye macho si mazuri, atafurahia hilo kuliko darubini.

Na mkipanda boti niliyomo, sitataja saa. Nitasema kulia, nitasema kushoto, na nitanyoosha mkono. Jaketi lako nitalifunga mwenyewe. Ile kamba ya chini hujawahi kuiweza.

Kaka yako