Ubongo wa mtoto haujengwi kwa kuongeza tu

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wa barua niseme jambo moja kuhusu makala mliyochapisha hivi karibuni juu ya ubongo wa mtoto. Mwandishi aliandika kwa nia ya kuwasaidia wazazi, na mengi aliyoyasema ni ya kweli. Hata hivyo, hoja yake yote aliisimamisha juu ya wazo kwamba kadiri miunganisho baina ya seli za neva inavyozidi kuwa mingi ndivyo akili inavyozidi, na kwamba kazi ya mzazi ni kuiongeza kwa wingi na mapema. Wazo hilo si sahihi, na kosa lake si dogo, kwa sababu linaficha lile ambalo mzazi alihitaji zaidi kuambiwa: kwamba ubongo unaokua huondoa miunganisho kwa wingi, na kwamba huchagua ya kuondoa kwa kufuata inayotumika na isiyotumika. Nimefundisha baiolojia kwa miaka mingi, lakini siandiki kama mwalimu tu. Naandika pia kama mzazi ambaye jambo hili lilimfika nyumbani kwake.

Ubongo wa mtu mzima una takriban seli za neva bilioni 86, na seli moja inaweza kupokea ujumbe kupitia maelfu ya miunganisho. Jeni zetu zinazobeba maelekezo ya kutengeneza protini ni kama 20,000 tu. Ukizilinganisha hesabu hizo mbili unaona mara moja kwamba haiwezekani jeni ziwe zimeandika, muunganisho kwa muunganisho, nani aungane na nani. Kinachofanyika ni kwamba jeni hutoa mwelekeo. Kila seli huchomoza mkia mrefu uitwao aksoni, ambao ncha yake hutambaa ikipapasa kemikali zilizo njiani, nyingine zikiivuta na nyingine zikiisukuma mbali. Mhispania Santiago Ramón y Cajal aliiona ncha hiyo kwa hadubini na kuieleza mwaka 1890, katika seli zilizokwisha kufa, akatambua kwamba anatazama kitu kilichokuwa safarini. Aksoni ikifika eneo lake huungana na seli nyingi zilizo karibu, kwa ukarimu kuliko inavyohitajika. Pale zinapokutana hazigusani. Hubaki mwanya wa takriban nanomita 20 (nanomita ni sehemu moja ya milioni ya milimita), na ujumbe huvuka mwanya huo kwa kemikali. Makutano hayo ndiyo yanayoitwa sinapsi, jina lililoanza kutumiwa mwaka 1897.

Baada ya ukarimu huo huja upunguzaji. Peter Huttenlocher, daktari wa neva za watoto aliyefanya kazi Chicago, alihesabu sinapsi katika vipande vya ubongo wa watu waliofariki wakiwa na umri mbalimbali, akatoa matokeo yake mwaka 1979. Katika sehemu ya mbele ya ubongo, mtoto wa mwaka mmoja hadi miwili alikuwa na sinapsi nyingi kuliko mtu mzima kwa karibu nusu nzima, na kuanzia hapo zilipungua hadi miaka ya ujana. Iwapo wingi wa sinapsi ndio akili, basi mtoto anayejifunza kutembea angetushinda sote.

Sinapsi zinazobaki hupatikanaje? Hapa ningependa msomaji asogee karibu kabisa, kwa sababu utaratibu wenyewe unastaajabisha. Upande wa seli inayopokea kuna vipokezi vya aina kadhaa, yaani protini zinazonasa kemikali hiyo ya ujumbe, na kimojawapo kina tundu ambalo wakati wote limezibwa na chembe ya magnesi, mithili ya kizibo katika mdomo wa chupa. Ujumbe ukifika peke yake, kizibo hakitoki. Hutoka pale tu ambapo seli inayopokea tayari imeamshwa, kwa kawaida na ujumbe mwingi uliofika kwa wakati mmoja. Kizibo kikitoka, kalisi huingia ndani ya seli, nayo huanzisha kazi ya ujenzi: vipokezi vipya hupandishwa juu ya utando, na kichomozo kidogo kilichobeba sinapsi hiyo hunenepa katika muda wa dakika chache. Kuanzia hapo sinapsi ile husikika kwa nguvu zaidi. Mwaka 1949 Donald Hebb wa Kanada alikuwa ametabiri kwa hoja tu kwamba seli zinazoamka pamoja zitaimarisha muungano wao. Mwaka 1973 Tim Bliss na Terje Lømo walichapisha ushahidi kutoka katika ubongo wa sungura, kwamba mfululizo mfupi wa misisimko huimarisha sinapsi kwa saa nyingi. Zile ambazo ujumbe wake haulingani na wa wenzake hudhoofika, vichomozo vyake husinyaa, na nyingi huishia kuondolewa. Katika ubongo wa panya imeonekana kwamba seli za ulinzi ziitwazo mikroglia huzimeza sinapsi hizo, na kwamba humeza zaidi zile zilizozubaa.

Kwa hiyo sinapsi zinashindana, na anayeshindwa hupoteza nafasi. Ushahidi ulio wazi kuliko wote ni wa David Hubel na Torsten Wiesel, waliofanya kazi Marekani na kupewa Tuzo ya Nobel mwaka 1981. Walimfunga paka mchanga kope za jicho moja kwa wiki kadhaa, kisha wakalifungua. Jicho lenyewe lilikuwa zima. Lakini katika sehemu ya ubongo inayohusika na kuona, karibu seli zote zilikuwa zimeshikwa na jicho lililoachwa wazi, na lile lililofungwa halikuwa na wa kulisikiliza. Paka aliyekwisha kukua alipofungwa jicho kwa muda mrefu zaidi, hakupatwa na hasara hiyo. Na katika wiki ya nne na ya tano tangu paka azaliwe, kufunga jicho kwa siku tatu au nne tu kulitosha kuacha alama. Lililonigusa zaidi nilipoyasoma haya ni jaribio la tatu: walipofunga macho yote mawili, hasara katika ubongo ilikuwa ndogo kuliko walivyotegemea. Maana yake ni kwamba giza peke yake silo lililomharibia yule wa kwanza. Kilichomharibia ni jicho moja kuzungumza wakati lenzake limenyamazishwa.

Binti yangu alipokuwa na wiki tano, ndugu yetu mmoja alimpiga picha usiku. Katika picha ile mboni ya jicho la kulia ilikuwa nyekundu, kama inavyotokea mara nyingi kwa picha za mwanga mkali, lakini ya kushoto ilikuwa nyeupe kama maziwa. Tulimpeleka akaangaliwe. Mhudumu aliyetupokea alisema ni mtoto wa jicho, akatushauri tumwache kwanza akue na apate nguvu, tumrudishe akitimiza mwaka. Alisema kwa upole, nasi tulimshukuru. Mimi mwenyewe niliyekuwa nikifundisha habari za jicho darasani sikuuliza swali hata moja, kwa kuwa nilidhani jicho lililozibwa linangoja tu, kama dirisha lililofungwa linavyongoja kufunguliwa.

Upasuaji ulifanyika akiwa na mwaka mmoja na miezi miwili. Lenzi yenye ukungu ilitolewa, mwanga ukaingia bila kizuizi, akavishwa miwani mizito. Daktari aliyempasua ndiye aliyetueleza kwamba sasa kazi imehamia kwenye ubongo. Kila asubuhi nilibandika plasta juu ya jicho la kulia, lile lisilo na ugonjwa, ili lile jingine lipate nafasi ya kusikika. Namkumbuka akiwa amekaa sakafuni, plasta usoni, amenyamaza ghafla, viganja vyote viwili vikipapasa mbele yake kutafuta kikombe kilichokuwa pale pale alipokiweka. Tulifanya hivyo kwa miaka miwili. Leo ni mtu mzima, na kwa jicho la kushoto anaweza kuhesabu vidole vyangu nikisimama hatua mbili mbele yake. Kusoma kwa jicho hilo hawezi, wala hakuna miwani inayoweza kumpa, kwa sababu kilichokosekana hakipo tena katika jicho.

Ndiyo sababu maneno ya kuongeza miunganisho yalinichoma. Mzazi aliyeambiwa kwamba ubongo ni ghala la kujazwa ataona kuchelewa kidogo si neno, kwani ghala likichelewa kujazwa mwezi huu litajazwa mwezi ujao. Mzazi aliyeambiwa kwamba ndani mwake kuna mashindano yanayoendelea usiku na mchana ataelewa kwamba jicho lililozibwa, sikio lisilosikia, au lugha isiyomfikia mtoto wake, vyote vinapoteza nafasi wakati yeye anangoja.

Nisingependa kuelekea upande wa pili na kuwakatisha watu tamaa, kama makala yenyewe ilivyofanya kidogo ilipoinukuu methali ya samaki mkunje angali mbichi na kuachia hapo. Njia za kuona zina msimu wake, na msimu huo ni mfupi. Lakini hata huko, watoto waliovuka miaka 7 wamepata nafuu kwa matibabu ya kufunika jicho, ingawa kwa kiwango kidogo kuliko wadogo zao. Sehemu nyingine za ubongo huendelea kubadilika maisha yote. Mwaka 2009 watafiti walichapisha jaribio ambalo panya walifundishwa kuchukua mbegu kwa mkono mmoja. Ndani ya saa moja vichomozo vipya vilianza kuonekana katika eneo la ubongo linaloendesha mkono huo. Siku zilizofuata, baadhi ya vichomozo vya zamani viliondolewa, hadi jumla ikarudi karibu na pale ilipokuwa. Panya amejifunza, na idadi ni ile ile. Kilichobadilika ni nani anazungumza na nani. Sijui mfano mwingine unaoonyesha kwa ufupi kiasi hicho kwamba kuhesabu miunganisho hakupimi chochote cha maana.

Ninaloliomba kwako, Mhariri, ni dogo. Mtakaporudi kwenye mada hii, tafadhali wekeni mistari michache ya kuwaambia wazazi kwamba mboni inayoonekana nyeupe katika jicho la mtoto mchanga, iwe kwa macho au katika picha, ni jambo la kupelekwa kwa daktari wa macho wiki hiyo hiyo. Mtoto wa jicho anayeziba jicho moja tangu kuzaliwa hutoa matokeo bora akiondolewa katika wiki sita hivi za mwanzo, na weupe huo huo unaweza pia kuwa dalili ya saratani ya jicho, ambayo nayo haivumilii kungoja. Na akiambiwa amwache mtoto kwanza akue, mzazi aulize kwa nini, na aombe kuonwa na daktari mwingine.

Wako,
Mwalimu mstaafu wa baiolojia