Kwenu vijana mnaosema nyuklia ndo inalinda amani

Wanangu, salamu. Nimewasikia mkisema silaha za nyuklia ndo zimezuia vita kuu ya tatu kwa hiyo ziachwe tu zilivyo. Nisikilizeni kidogo mzee wenu, maana hili jambo linaniuma sana.

Mwaka 1956 chuo kikuu cha Oxford kilitaka kumpa Truman shahada ya heshima, yule rais wa Marekani aliyeamuru bomu la nyuklia lipigwe Hiroshima, Japani. Mwanafalsafa Elizabeth Anscombe akasimama akapinga. Hoja yake: kuua kwa makusudi watu wasio na hatia ili upate unachokitaka ni mauaji, basi, hata vita ikiisha mapema. Waliomuunga mkono walikuwa wachache mno na shahada ikatolewa vilevile. Mimi naona alikuwa sahihi kabisa. Asubuhi ile ya 6 Agosti 1945 wanafunzi walikuwa nje wanasaidia kubomoa nyumba ili moto wa mabomu ya kawaida usisambae, watoto wa miaka 12, 13, na mwaka ulipoisha wafu walikuwa kama 140,000. Wale watoto walikuwa wanapigana na nani?

Mtasema siku hizi ni kutishana tu, hakuna anayepiga. Hapo ndo naomba mtulie. Kitisho bila nia hakimtishi mtu, kwa hiyo lazima wawepo watu waliofundishwa na wanaokaa zamu usiku na mchana wakiwa tayari kuteketeza miji mizima wakiamriwa, na nia ya namna hiyo ni uovu hata kama amri haijaja.

Na hata hiyo amani yenyewe imeponea chupuchupu: Septemba 1983 mitambo ya tahadhari ya Sovieti ilionyesha makombora matano yanatoka Marekani, kumbe ni mwanga wa jua kwenye mawingu, afisa wa zamu Stanislav Petrov akaripoti ni hitilafu ingawa hakuwa na uhakika. Je, angekuwa mwingine?

Msiniambie haiwezekani kuziacha, Afrika Kusini ilitengeneza mabomu sita ikayavunja yenyewe. Mnaosoma fizikia, mjueni mwanafizikia Joseph Rotblat, aliacha kazi ya kutengeneza bomu la Marekani mwaka 1944 alipoona Wajerumani hawalitengenezi tena. Na nyie wengine, mkikutana na wakubwa wa nchi zenye silaha hizi waulizeni, mkataba wa kuzuia kuenea kwake unafanya kazi tangu 1970 na kifungu cha 6 kinawataka wajadiliane kwa nia njema kuziondoa, mbona bado zipo kama 12,000?