Barua ya wazi kwa wachongaji na wapiga video wa Mtwara: zuri ni la nani?

Marahaba, wajukuu zangu. Najua hamjanisalimia bado. Nimewahi kuitikia kwa sababu barua hii ni ndefu, na baadhi yenu mtaiachia katikati.

Majuzi, kivulini pale karakanani Mikindani, mmoja wenu alinipa simu yake nitazame. Ilikuwa video ya mwali anayetolewa unyagoni. Khanga mpya, shanga, uso unang'aa mafuta, macho chini kama alivyofundwa. Kijana wetu alikuwa ameipunguza mwendo, kila hatua ya mtoto ikaangukia kwenye pigo la ngoma. Nilitazama mara tatu. Nikasema ni nzuri, na nilimaanisha. Kisha nikauliza, "Mtoto wa nani huyu?"

Hakujua. Idadi ya waliotazama aliijua mpaka wa mwisho, lakini jina la mama wa mtoto hakuwa nalo. Alipoona nimenyamaza akaniuliza, bila utovu wa adabu, "Sasa babu, kama ni zuri, kosa liko wapi?"

Siku ile sikumjibu. Nilisingizia swala. Jibu langu ni hili, na nimeliandika kwenu nyote kwa kuwa najua hakuwa peke yake.

Kwanza niwatoe wasiwasi: sitawaambia mrudi kwenye asili. Wazee wenzangu wanapenda neno hilo, nami nikiwasikia huwa nacheka kichinichini. Ile shetani mnayoichonga, jicho moja, mdomo ubavuni, watalii wanaiona kama imetoka kwa Adamu. Wanaoifuatilia historia yake wanamtaja Samaki Likankoa, Mmakonde wa ng'ambo ya Ruvuma, aliyeanza kuichonga Dar es Salaam miaka ya 1950, wakati mfanyabiashara Mohamed Peera akinunua kazi za wachongaji na kuwahimiza. Ni asili gani hiyo yenye duka la kuuzia? Wazee wa wakati ule waliona ni uhuni, miti ya Mungu inageuzwa mazimwi. Kisha ukaja mtindo wa ujamaa, ule mnara wa watu wamepandana, na wa mawingu, maumbo yasiyo na mikono wala miguu. Vyote vilikuwa vipya na vyote vilisemwa vibaya. Hata sindimba, ngoma yetu ya Wamakonde, kabla haijapelekwa jukwaani kitaifa miaka ya 1960, ilikuwa na mahali pake na watu wake. Mwalimu alipounda Wizara ya Utamaduni wa Taifa na Vijana mwaka 1962, alitaka tuache kuionea haya ngoma yetu. Sawa. Lakini ngoma ikipanda jukwaani inageuka: kiuno kilichokuwa somo kinakuwa onesho. Kuna waliofurahi na kuna waliokunja uso, nami mpaka leo sijui ningekaa upande gani. Kwa hiyo simlaumu mtu kwa kuleta upya.

Wala uzuri haukai mahali pamoja. Bibi yangu mzaa mama alivaa ndonya, kile kipande cha mti, kwenye mdomo wa juu, na chale zilimjaa usoni mpaka kifuani. Alikuwa akitembea kijijini kama mtu anayejua anatazamwa. Alipohamia mjini kwa mwanawe, watoto wakamkimbia barabarani. Akaitoa ndonya, na tangu siku ile hakucheka tena bila kuziba mdomo kwa ncha ya khanga. Mtu yule yule, uso ule ule. Macho ndiyo yaliyobadilika. Huyo mwanamke mnamchonga leo, na ndonya yake, na bei yake mnaijua. Mnamchonga kwenye mpingo, mnaupiga msasa mpaka weusi wake unang'aa, mnawaambia wateja hakuna weusi kama huu duniani. Jioni mnampiga dada yenu picha, mnamtia filta, anatoka mweupe kama karatasi. Hapo nisaidieni wajukuu zangu, maana mimi nimechoka kuelewa.

Turudi kwa mwali.

Uzuri wa video ile ulitoka kwa mtoto ambaye hakuulizwa. Mwendo wake, haya yake, yale macho chini, hakuyafanya kwa ajili yako. Aliyafanya kwa ajili ya shangazi na bibi na majirani waliomzunguka, watu ambao kesho watamuona anachota maji na kumwita kwa jina. Wewe umeyachukua ukawapa watu wasiomjua, na chini ya video nimesoma waliyoyaandika. Sitayarudia hapa. Yule mtoto atakua. Ataipata video yake siku moja, na maneno yale yatakuwa bado yapo.

Mama mmoja wa Chikongola, nilipomweleza haya, alinikata: "Babu, mbona mimi mwenyewe nilimpiga wangu nikaweka WhatsApp?" Alinikwamisha kidogo, siwafichi. Nikamuuliza alimtumia nani. Akataja dada yake Masasi, wifi Newala, watu wa Lindi waliokosa nauli ya kuja. Basi hiyo ni shughuli ile ile, imeongezwa tu mikeka. Mtoto yule anawadai waliotazama heri, nao wanamdai salamu. Watazamaji wako wewe hawadaiwi chochote. Sheria ya Mtoto ipo tangu 2009 na wanasheria watawasomea. Mimi nazungumzia lile ambalo ungejisikia nalo kama mama yake angetokea karakanani akasimama mlangoni, asiseme kitu.

Nalijua hilo la mtu asiyesema kitu. Hapa ndipo barua inapokuwa ngumu kwangu.

Nilikuwa kijana wa miaka ishirini na kitu, huko Newala, tezo yangu ya kwanza haijazoea mkono. Mjomba alikuwa na lipiko, kinyago cha ngoma. Si la kuuza, la kuchezewa. Mti mwepesi, nywele za mtu halisi zimegandishwa juu, chale za usoni zimefanywa kwa nta ya nyuki. Mlango wake ulikuwa mdomo: mchezaji huvaa kichwani kama kofia iliyolalia nyuma, akachungulia kupitia mdomo wa kinyago, na ndiyo maana lipiko linapokuja uwanjani huonekana limeinua uso linatafuta mtu. Wanawake na watoto wasiotiwa jandoni hawakutakiwa kujua nani yumo ndani. Uzuri wake, nusu ulikuwa huo wa kutojua.

Akapita mnunuzi. Alilisifu kwa maneno ambayo sijapata kuyasikia mtu akiyasema juu ya kitu chetu. Alisema ni sanaa, na mimi neno lile lilinilewesha. Nikalitoa ndani mjomba akiwa shambani kwenye mikorosho. Nililipwa fedha ya kutosha baiskeli. Nilijiambia litakaa mahali pazuri, penye kioo na taa, watu wa dunia nzima watatuheshimu. Yote hayo huenda ni kweli. Mjomba hakunigombeza. Aliacha kuniita mpwa. Mpaka anakufa aliniita kwa jina langu, na ninyi Wamakonde mnajua hilo lina uzito gani kwa mjomba.

Mwaka 1984 vitu viliibwa Makumbusho ya Taifa, Dar es Salaam, na miongoni mwake kinyago cha Kimakonde. Kilikuja kujulikana kiko Geneva, kwenye makumbusho ya Barbier-Mueller. Mazungumzo yalikuwa marefu. Kilirudishwa Tanzania mwaka 2010, miaka 26 baada ya kuibwa. Siku niliposikia habari hiyo redioni nilikuwa nanoa patasi, nikaiweka chini. Kile cha Geneva kilikuwa na taifa la kukidai. Cha mjomba kilikuwa na mpwa, na mpwa ndiye aliyekiuza.

Kwa hiyo mnaponiuliza kosa liko wapi, siulizi tena kama kitu ni kizuri. Nauliza nani alikuwa nacho kabla yangu, na kama anajua kimekwenda wapi.

Hata kwenye mti ni hivyo hivyo. Mpingo huchukua miaka sabini na zaidi kufikia unene wa kukatwa. Anayekata leo anakata mti ulioota kabla ya uhuru, na watu wa Ulaya wanausubiri wafanye klarineti na obo. Kuna vijiji vya Kilwa vilivyopata cheti cha FSC, cha kimataifa cha utunzaji wa misitu, mwaka 2009 kwa kuutunza msitu wao, na mti wao unauzwa kijiji kikijua. Sisi huku wengine bado tunanunua gogo usiku, hatuulizi limetoka kwa nani. Wengine wameona hata hilo ni tabu: wanachonga mti mweupe, wanapaka rangi ya viatu, wanaapa ni mpingo. Mteja mjanja hutia kwenye ndoo ya maji. Mpingo unazama. Hilo sitalichambua, mnajuana.

Na wewe unayeiambia programu ya akili mnemba ikutolee sura ya shetani kisha unaichonga: sina ugomvi mkubwa na wewe. Karakanani tumeigana tangu zamani, mkono wa jirani ulikuwa shule. Ila tulikuwa tukimwambia jirani, "Hii nimeiba kwako," naye anacheka, au anadai soda. Kwa hiyo programu utadaiwa soda na nani?

Ninayoyaomba ni machache. Ile video ya mwali, aliyeipiga anajijua, aitoe. Kabla ya kuitoa atafute kwanza mama ni nani, amwendee, akae kwenye mkeka, aseme. Pengine mama atasema iacheni, imempendeza. Itabaki, na itakuwa nzuri kwa namna nyingine. Pengine atafukuzwa. Avumilie, nimefukuzwa mara nyingi na bado nakula.

Nami nimeanza kuchonga lipiko. Si lile, lile siwezi kulirudisha. Nimepata mti mwepesi kwa ndugu yangu, na watoto wa mjomba walio hai nimewaambia nia yangu. Mmoja amekubali, mmoja amesema atalitazama likiisha ndipo aseme kama linafaa kuchezwa au ni mapambo ya mzee. Nimekwama mdomoni. Nikiupasua mdogo mchezaji haoni, nikiupasua mkubwa uso unapoteza ile hali ya kutafuta mtu.

Jumamosi baada ya alasiri nitakuwa pale pale kivulini. Mje, na mmoja alete tupa. Yangu imekwisha meno.

Babu yenu mchongaji,
Mikindani