Barua kwa mwanangu anayehariri filamu

Mwanangu mpenzi,

Salamu sana. Sisi huku Tanga hatujambo, na mguu wa mama yako unaendelea vizuri. Ila simu yako ya juzi haijanitoka moyoni. Umekesha wiki tatu na kazi ya watu, siku ya kuonyeshwa wakatajwa wote hadi aliyeleta maji, wewe ukaitwa "yule binti wa kompyuta". Imeniuma, mwanangu.

Nataka umjue Marie-Josèphe Yoyotte. Alizaliwa Lyon, Ufaransa, mwaka 1929, kwa ukoo wa Martinique, kile kisiwa cha Karibiani kilicho chini ya Ufaransa. Baada ya Vita vya Pili vya Dunia, mwanamke huyo mweusi akaingia kwenye vyumba vya kuhariria filamu vya Wafaransa, na hakutoka hadi uzeeni.

Mwaka 1958 alihariri, pamoja na mwenzake, Moi, un Noir, yaani "Mimi, Mtu Mweusi", filamu ya Mfaransa Jean Rouch. Ilipigwa Treichville, mtaa wa Abidjan nchini Côte d'Ivoire, inahusu vijana wa Niger waliokwenda kutafuta vibarua. Kamera yenyewe ilikuwa ya kutia ufunguo kama saa ya mezani: picha haifiki hata nusu dakika, inakata. Sauti nayo haikunaswa papo hapo. Oumarou Ganda, mmoja wa vijana hao, na wenzake walijitazama kwanza kwenye picha, ndipo wakaweka maneno. Vipande vifupi vile, maneno yamekuja baadaye, na ukitazama unaona maisha ya mtu yanatiririka. Aliyevishona ni nani?

Unajua mimi nimeendesha mashine ya sinema miaka mingi. Mkanda ukikatika, ukumbi mzima unapiga miluzi. Nakwangua ncha kwa wembe, natia gundi, nabana kwa vidole huku jasho linanitoka. Picha 24 zinapita kila sekunde, lakini nikipoteza mbili tu, mtu aliyekuwa anakaa anaonekana kashtuka. Kwa hiyo najua mkono wa mhariri ukoje hata usipoonekana.

Mwaka uliofuata, 1959, ikatoka Les Quatre Cents Coups ya mwongozaji François Truffaut, mhariri ni Yoyotte. Nimeitazama mara nyingi kwenye simu uliyoniletea. Mwishoni mtoto anatoroka, anakimbia kuelekea baharini, anakimbia tu, na hakuna anayemkatiza. Anafika majini, anageuka, anatutazama, na picha inaganda usoni pake. Mtu mwenye haraka angekata zile mbio katikati, na sisi tusingechoka pamoja na yule mtoto.

Mwaka 1983 alihariri Rue Cases-Nègres ya Euzhan Palcy, habari ya mjukuu na bibi yake kwenye mashamba ya miwa ya Martinique. Hiyo utazame na mama yako, atalia. Tuzo ya César ya uhariri, ile tuzo kubwa ya filamu ya Ufaransa, aliipata zaidi ya mara moja, ya mwisho mwaka 1997. Akafariki 2017.

Kazi ijayo, jina lako liandikwe kwenye mkataba kabla hujagusa faili hata moja. Wakikataa, warudishie kazi yao.

Na ukija Idi, njoo na ile filamu yako ya wavuvi. Pale mzee anapotengeneza wavu, umemkata kabla hajakaza fundo. Nataka kuliona lile fundo.

Ni mimi,
Baba yako